Mechi Saba za Luol Deng na Sindano ya Mgongo

Popote ulipo, iwe Otonglo sokoni, Usoma, Kisian au ndani ya mji wa Kisumu, sogea karibu na redio. Kama unaparua samaki, endelea kuparua. Masikio ndiyo tunayoyahitaji.

Leo tutaanza kwa mpira wa kikapu. Najua kuna mama anayesema, mimi na mpira wa kikapu wapi na wapi? Subiri kidogo. Muulize kijana wako wa sekondari kuhusu Luol Deng, huenda akakueleza mengi. Deng alizaliwa Wau, Sudan Kusini, mwaka wa 1985. Vita vikawafukuza, familia yake ikakimbilia Misri, kisha Uingereza, na akiwa kijana wa miaka 14 akaenda Marekani kusoma na kucheza. Mwaka 2004 aliingia katika ligi kubwa ya NBA, na akacheza huko misimu 15, zaidi ya misimu tisa akiwa na Chicago Bulls.

Sasa tuhesabu. Katika ligi ile kila timu hucheza mechi 82 kwa msimu wa kawaida. Msimu mmoja tu kati ya hiyo 15, ule wa 2011-12, ulikuwa na mechi 66, kwa sababu wachezaji na wenye timu walikuwa wamegombana na msimu ukachelewa kuanza. Ukijumlisha zote unapata mechi 1,214. Deng alicheza 902. Alizokosa ni 312. Hizo ni nyingi, mama. Ni sawa na misimu karibu minne ya kukaa kwenye benchi au nyumbani.

Lakini hesabu bila maelezo hudanganya. Msimu wake wa kwanza alikosa mechi 21, akaumalizia nje kwa jeraha la kifundo cha mkono. Msimu wa 2008-09 alikosa 33, na sababu kubwa ilikuwa ufa katika mfupa wa muundi. Ufa wa namna hiyo hautokani na kuanguka mara moja. Hutokana na kuruka na kukimbia kila siku bila mfupa kupata nafasi ya kujijenga. (Mtoto wako akilalamika kwa wiki kadhaa kwamba muundi unauma mahali pamoja, usimwambie ni uvivu.) Na msimu wa 2017-18, akiwa Los Angeles, alikosa mechi 81 kati ya 82, na hapo hakuwa mgonjwa hata kidogo. Timu iliamua kuwachezesha vijana.

Basi katika hizo 312 kuna maumivu, kuna majeraha, na kuna maamuzi ya makocha. Ila mechi ninazotaka tuzizungumzie leo hazimo humo kabisa. Ni mechi saba za mwaka 2013, mechi za mtoano baada ya msimu wa kawaida, ambazo huhesabiwa peke yake. Ndizo mechi kubwa kuliko zote za mwaka. Na alizikosa kwa jambo linalotuhusu sisi hapa kando ya ziwa kuliko tunavyofikiri.

Mwisho wa Aprili mwaka ule, Chicago walikuwa wanacheza na Brooklyn. Deng akashikwa na ugonjwa uliofanana na mafua makali, homa na kichwa kuuma sana. Madaktari wakaingiwa na hofu ya homa ya uti wa mgongo. Wakamtoa maji ya mgongo kwa sindano ili wayapime. Majibu yakaja: hana homa ya uti wa mgongo. Lakini baada ya sindano ile maji yaliendelea kuvuja kidogo mahali ilipoingia, na Deng akapatwa na maumivu makali ya kichwa na udhaifu wa mwili. Akapungua uzito. Jitu lenye urefu wa zaidi ya mita mbili, lililozoea kukimbia uwanjani karibu dakika 40 kwa usiku mmoja, likawa halina nguvu. Akakosa mechi ya sita na ya saba dhidi ya Brooklyn, kisha zote tano dhidi ya Miami. Chicago wakatolewa.

Nimeisimulia habari hii kwa sababu najua jinsi inavyoweza kusimuliwa vibaya. Mtu anaweza kusema: mnaona? Sindano ya mgongo imemlemaza hata mchezaji tajiri wa Marekani mwenye madaktari wake mwenyewe, sembuse mtoto wangu wa Otonglo? Na kweli maneno ya namna hiyo yapo kwetu. Yanasemwa kwenye foleni ya kliniki, yanasemwa kisimani, na mara nyingi yanasemwa na nyanya mwenye mapenzi mema: wakitaka kumchoma mtoto sindano ya mgongo, mchukue mtoto mrudi nyumbani, sindano ile huua, na isipoua hupoozesha. Kwa ajili ya maneno hayo kuna wazazi wanaokataa kutia sahihi, na mtoto anabaki bila kupimwa.

Tuanze na ugonjwa wenyewe. Ubongo wetu na ule mshipa mkuu wa fahamu unaoshuka mgongoni vimefunikwa na utando mwembamba, na ndani ya utando huo mna maji maangavu. Viini vya ugonjwa vikiingia humo, utando unavimba. Hiyo ndiyo homa ya uti wa mgongo. Viini vyenyewe ni vya aina nyingi: vipo virusi, ambavyo kwa kawaida si vikali sana, vipo vya kifua kikuu, vipo vya ukungu, na vipo bakteria ambao ndio wa kuogopwa zaidi, kwa kuwa wanaweza kumuua mtoto kwa muda wa siku moja au mbili. Shirika la Afya Duniani linasema kwamba kati ya watu sita wanaopata ile ya bakteria, mmoja hufa, na kati ya watano, mmoja hubaki na madhara makubwa.

Kwa mtoto mkubwa au mtu mzima, dalili zake ni homa kali, kichwa kuuma kupita kawaida, kutapika, kuumizwa macho na mwanga, na shingo kukakamaa. Mwambie aguse kifua kwa kidevu. Akishindwa au akilia kwa uchungu, usingoje kesho. Anaweza pia kuchanganyikiwa, kusinzia kiasi cha kutoamka vizuri, au kupatwa na degedege.

Mtoto mchanga ni tofauti, na hapa nataka mama mwenye kichanga aongeze sauti ya redio. Kichanga hatakuambia kichwa kinamuuma. Shingo yake inaweza isikakamae kabisa. Utaona amekataa ziwa. Utaona amelegea kama kitambaa, au analia kilio chembamba kisicho cha kawaida yake, na ukimbeba ili umbembeleze ndipo analia zaidi. Pitisha kiganja juu ya utosi wake akiwa ametulia na umemweka wima. Utosi ukiwa umevimba na kusimama juu, funga safari. Vichanga wengine hawana hata homa, miili yao huwa baridi.

Shida yetu sisi wa kando ya ziwa ni kwamba kila homa tunaiita malaria. Si kosa letu, malaria iko kweli na imetuzika watoto wengi. Lakini malaria iliyopanda kichwani na homa ya uti wa mgongo hufanana kama mapacha: homa, degedege, kupoteza fahamu. Na kuna jambo jingine ambalo watu wengi hawalijui. Katika eneo lenye malaria nyingi kama letu, mtoto anaweza kuwa na vijidudu vya malaria katika damu, na bado kinachomuua wakati huo ni kitu kingine. Kwa hiyo daktari anaposema, nimeona malaria lakini bado nataka kupima maji ya mgongo, hajikanganyi. Anafunga mlango wa pili ambao mwizi angeweza kupitia.

Chukua mfano wa mama muuza omena katika soko la Otonglo. Mtoto wake wa miaka mitatu ana homa tangu juzi. Jana alinunua dawa duka la dawa, ya malaria na vidonge viwili vitatu vya kuua bakteria vilivyobaki kwa jirani. Usiku mtoto akapata degedege. Asubuhi wako hospitalini, na daktari anaomba ruhusa ya sindano ya mgongo. Baba yuko Nairobi kazini, simu yake imezimwa. Mama mkwe anasema, usikubali mpaka mwanangu aseme. Saa zinakwenda.

Mama huyu afanye nini? Kwanza, amwambie daktari kila dawa aliyompa mtoto, bila aibu. Vile vidonge vya jirani havitoshi kuponya, lakini vinaweza kuwaficha bakteria kwenye kipimo, na daktari asipojua atasoma majibu vibaya. Pili, aulize. Ni haki yake kuuliza: mnatafuta nini, nani atafanya, majibu yatatoka lini, na dawa zitaanza lini? Jibu la swali la mwisho lisiwe kesho. Daktari akishuku homa ya uti wa mgongo ya bakteria, sindano za dawa huanza mara moja, na wala hazingoji majibu ya maabara. Tatu, asingoje simu ya Nairobi hadi jioni. Haya ni mambo ya kukubaliana nyumbani siku ambayo hakuna mgonjwa: baba asipopatikana, nani ana idhini? Zungumzeni usiku wa leo mkila.

Sasa tuje kwenye sindano yenyewe. Mtoto hulazwa kwa ubavu na kukunjwa, magoti yakielekea kidevuni, kama alivyokuwa tumboni mwa mama. Muuguzi humshika asitikisike. Watoto wengi hulia zaidi kwa kule kushikwa kuliko kuchomwa. Ngozi husafishwa kwa dawa, kisha sindano nyembamba huingizwa katikati ya mifupa ya chini ya mgongo, karibu na kiuno.

Kwa nini chini kule? Hapa ndipo pana jibu la hofu ya kupooza. Mshipa mkuu wa fahamu haufiki mpaka mwisho wa mgongo. Unaishia juu ya mahali sindano inapoingia. Chini yake kuna maji na nyuzi za fahamu zinazoning'inia ndani ya maji hayo, na nyuzi hizo husogea sindano inapopita, kama nyasi za ziwani zinavyoupisha mtumbwi. Kwa hiyo sindano haichomi mshipa mkuu. Maji yanayochukuliwa kwa mtoto ni matone machache tu, hayafiki hata kijiko cha chai kwa mdogo. Na mwili hutengeneza mengine. Mtu mzima hutengeneza kama nusu lita ya maji haya kila siku.

Yakitoka yakiwa maangavu kama maji ya mvua, ni habari njema ingawa bado yatapimwa. Yakiwa na ukungu kama maji yaliyooshea mchele, daktari anajua papo hapo kwamba pana vita.

Je, haina madhara kabisa? Ningekudanganya nikisema hivyo, na Deng angenisuta. Mgongo unaweza kuuma siku chache mahali palipochomwa. Mara chache sana hutokea damu kuvuja au viini kuingia. Na lipo lile lililompata Deng: tundu dogo katika utando linachelewa kuziba, maji yanavuja, na mgonjwa anapata maumivu ya kichwa. Maumivu haya yana alama yake: mgonjwa akiketi au akisimama yanazidi, akilala chali yanapungua. Huwapata watu wazima na vijana zaidi kuliko watoto wadogo. Tiba yake ni kulala, kunywa maji ya kutosha na dawa za maumivu, na kwa wengi huisha ndani ya siku kadhaa hadi wiki mbili. Yasipoisha, daktari anaweza kuchukua damu kidogo ya mgonjwa mwenyewe mkononi na kuidunga karibu na lile tundu, ikaganda na kuliziba kama fundi anavyoziba mtumbwi. Mtu asiyejua angeweza kusema mgonjwa huyu anajisingizia, maana akilala anaonekana mzima.

Vilevile wapo wagonjwa ambao hawafai kuchomwa kwa wakati huo. Mtoto ambaye mgandamizo ndani ya kichwa chake umepanda mno, au anayepumua kwa taabu sana, au mwenye vidonda vya usaha mahali pa kuchoma, au ambaye damu yake haigandi, daktari humwanzishia dawa kwanza na kuahirisha sindano. Ndiyo maana humkagua macho, pumzi na fahamu kabla ya kuigusa sindano. Ukimwona anamulika tochi machoni pa mtoto, usidhani anapoteza muda.

Lakini kwa nini basi watu wamewaona watoto waliochomwa sindano ya mgongo wakafa? Wamewaona kweli, siwezi kuwakatalia. Ila fikiria ni nani huchomwa sindano hii. Mtoto mwenye kikohozi cha kawaida hachomwi. Huchomwa yule ambaye tayari yuko katika hatari kubwa, na wengine wamefika wakiwa wamechelewa siku tatu. Ukienda Dunga utamkuta fundi wa mitumbwi amezungukwa na mitumbwi inayovuja. Hakuna anayesema fundi ndiye aliyeitoboa. Na kupooza, kutosikia au kifafa vinavyoonekana baadaye kwa mtoto, kwa kawaida huwa ni alama iliyoachwa na ugonjwa wenyewe.

Turudi kwa Deng, maana nilimwacha amelala. Baada ya mechi zile saba alirudi uwanjani msimu uliofuata na kucheza mechi 63. Uliofuata akacheza 72, kisha 74. Kwa jumla, baada ya sindano ile, alicheza mechi nyingine 288 za msimu wa kawaida kabla ya kustaafu mwaka 2019. Kisha akawa rais wa chama cha mpira wa kikapu cha Sudan Kusini, na nchi hiyo changa ikafika Olimpiki ya Paris mwaka 2024 na kuifunga Puerto Rico 90 kwa 79. Mimi binafsi sioni kwamba madaktari walikosea kumpima. Wangekisia tu, na kumbe ugonjwa ni wenyewe, tungekuwa tunataja mechi ambazo hakuzicheza tena maishani.

Neno moja kwa walezi wa watu wazima, hasa wale wanaoishi na virusi vya ukimwi. Kichwa kinachouma kwa wiki mbili tatu, kikizidi kila siku, hata bila homa kali, kinaweza kuwa homa ya uti wa mgongo ya ukungu. Kwa mgonjwa huyu sindano ya mgongo ni kipimo na pia ni tiba, kwa sababu kupunguza maji hupunguza mgandamizo kichwani. Anaweza kuhitaji kuchomwa zaidi ya mara moja. Usishangae akikuambia kichwa kimepoa baada ya kuchomwa.

Na kinga ipo. Ile sindano ya BCG anayopewa mtoto akizaliwa humkinga na homa ya uti wa mgongo ya kifua kikuu. Chanjo za wiki ya 6, ya 10 na ya 14 zina kinga dhidi ya bakteria wawili wakubwa wa ugonjwa huu. Mmoja kinga yake ilianza kutolewa nchini Kenya mwaka 2001, na wa pili mwaka 2011. Fungua kitabu cha kliniki uangalie kama zote zimeandikwa. Ukikuta pengo, nenda zahanati ya karibu hata kama wiki zimepita. Muuguzi akikufokea, mvumilie, mtoto achanjwe.

Ukiwa Otonglo na dalili zikaanza usiku, usisubiri matatu ya alfajiri. Weka katika simu namba ya mwendesha bodaboda au tuktuk unayemwamini, na nyingine ya mhudumu wa afya ya jamii wa mtaa wako. Anza na kituo kilicho karibu, wakimpa rufaa utapelekwa hospitali kubwa ya Jaramogi Oginga Odinga barabara ya Kakamega, ile ambayo wazee bado wanaiita Russia. Mtoto mwenye degedege mlaze kwa ubavu, usimtie kijiko wala kidole mdomoni, na usimnyweshe chochote mpaka azinduke.

Akitibiwa, atakaa wodini siku nyingi, mara nyingi wiki moja hadi mbili au zaidi, akidungwa dawa kila siku. Siku ya tatu unaweza kumwona anacheza na kuomba chai, na ukatamani kurudi sokoni. Kaa. Dozi ikikatwa katikati, bakteria waliobaki hurudi. Na siku ya kutoka, kabla hujafunga kanga zako, mwulize daktari: masikio ya mtoto yatapimwa lini? Ugonjwa huu hupenda kuondoka na usikivu wa mtoto, na mtoto mdogo asiyesikia hudhaniwa kuwa ni mkaidi. Kipimo hicho kifanywe ndani ya mwezi mmoja. Ukiwa nyumbani, simama nyuma yake asipokuona, uite jina lake kwa sauti ya kawaida. Asipogeuka, rudi hospitali hata kama tarehe uliyopewa haijafika.

Ni hayo kwa leo. Maswali yenu tuleteeni kupitia mhudumu wa afya wa mtaa wako, nasi tutayajibu hapa hapa. Kwaherini.